Nzilo au Delcommune?

Katika mazungumzo yetu baada ya Misa ubishi mmoja hurudi mara kwa mara: bwawa la umeme lililo juu ya mto Lualaba, karibu na Kolwezi, jina lake la haki ni Nzilo ama Delcommune?

Wanaotetea Delcommune husema kwamba Nzilo ni jina lililoletwa na Mobutu. Hapo wanakosea. Nzilo ni jina la makorongo ambamo Lualaba hupita kwa nguvu, nalo lilikuwapo kabla saruji haijamwagwa. Mobutu aliondoa tu jina lililowekwa juu yake.

Tena bwawa hilo halikuwa peke yake. Mitambo minne ilijengwa kwa ajili ya viwanda vya shaba vya Union Minière. Kwenye mto Lufira, Mwadingusha (1930) uliitwa Francqui, na Koni (1950) Bia. Kwenye Lualaba, Nzilo (1952) uliitwa Delcommune, na Nseke (1956) Le Marinel. Wanne hao wote walifika Katanga kati ya 1891 na 1892, siku zilezile Mwami Msiri alipouawa karibu na Bunkeya. (Stairs, ambaye msafara wake ndio uliomwua, hayumo, labda lingekuwa jambo la wazi mno.) Mwenye kuyasoma majina hayo manne pamoja anasoma orodha ya washindi.

Lakini sisi Wakatoliki hatuwezi kushangilia kila jina lililofutwa kwa amri. Mwaka 1972 serikali ilikataza majina yetu ya ubatizo, na Kardinali Malula, aliyepinga, alilazimika kukaa Roma kwa miezi kadhaa. Wazazi wetu waliendelea kuitana Petro na Maria nyumbani, kwa sauti ya chini. Kwa hiyo tunawaelewa wazee wanaosema Delcommune: wao hawamsifu Mbelgiji, wanataja mahali walipotumia ujana wao. Wasikemewe.

Katika maandishi yetu tutaandika Nzilo, na watoto tutawaeleza Delcommune alikuwa nani.

Linabaki jambo linalotusumbua zaidi. Wafanyakazi waliolijenga bwawa hilo hawamo katika jina hili wala katika lile. Aliye na jamaa aliyefanya kazi pale atuletee jina lake, la ubatizo na la ukoo, ili lisomwe katika Misa ya Marehemu wote, tarehe 2 Novemba.