Safu ya Lugha: Enzi

Vitabu vya mashujaa hupenda neno "enzi", na wengi hulichukua kama kisawe cha "zama". Mimi sikubali. Zama ni wakati tu. Enzi imebeba mamlaka ndani yake: tunasema kiti cha enzi, na Mwenyezi Mungu ni mwenye enzi yote.

Kasese na Bwera, magharibi mwa Uganda, ni mahali pazuri pa kulipima neno hili. Isaya Mukirania, mwalimu wa shule ya msingi, alianza katika miaka ya 1950 kwa kuunda chama cha kutafiti historia ya Wakonzo, watu wa milima ya Rwenzori. Utafiti, si bunduki! Mwaka 1962 wenzake wa harakati za Rwenzururu walijitangazia uhuru kutoka ufalme wa Toro uliowatawala, kisha yeye akawa mfalme milimani. Mwandishi Mwingereza Tom Stacey, aliyewahi kutembea naye huko, alitoa kitabu kuhusu Rwenzori mwaka 1965. Hapo "enzi za Mukirania" ni maneno sahihi kabisa: kipindi na utawala kwa pamoja.

Je, vipi kuhusu Tibamwenda, Nyamutswa na Kapoli, viongozi wa Wakonzo walionyongwa na serikali ya kikoloni mwaka 1921? Hawakuketi katika kiti chochote. Mwandishi mwangalifu ataandika "zama za Nyamutswa". Lakini watu waliwafuata na kuwatii bila kulazimishwa na dola, na kwangu hayo ni mamlaka. Mimi ningewaandikia enzi, waziwazi, katika jalada la kitabu.