Tutankhamun: Kifo Kisicho na Shahidi

Tarehe 11 Novemba 1925, ndani ya kaburi la Firauni Seti wa Pili, ambalo wachimbaji walikuwa wameligeuza karakana yao, madaktari wawili walisimama mbele ya jeneza la dhahabu tupu lenye uzito wa kilo 110 hivi. Mmoja alikuwa Mwingereza, Douglas Derry, profesa wa elimu ya viungo vya mwili mjini Cairo. Mwenziwe alikuwa Mmisri, Saleh Bey Hamdi. Ndani ya jeneza alilala mfalme Tutankhamun, na wao walikuja kumfungua sanda aliyofungwa zaidi ya miaka elfu tatu kabla yao.

Kazi ilikuwa ngumu kuliko ilivyotarajiwa. Wale waliomzika walikuwa wamemmiminia mafuta na utomvu bila ya kipimo, na utomvu ule uliganda ukawa mweusi na mgumu kama lami, ukaushikanisha mwili na jeneza, na kichwa na barakoa ya dhahabu. Howard Carter, aliyeligundua kaburi hilo mwezi wa Novemba 1922, alijaribu kwanza kulianika jeneza kwenye jua kali la Luxor; utomvu haukuyeyuka. Basi mwili ukakatwa. Kichwa kilitenganishwa na shingo, mikono na miguu ikaondolewa maungoni, na barakoa ikabanduliwa kwa visu vilivyotiwa moto. Walipomaliza, vipande vilipangwa juu ya sinia la mchanga kama mtu mzima aliyelala, na mwaka uliofuata mfalme akarudishwa kaburini mwake. Ripoti kamili ya Derry haikuchapishwa hadi 1972. Yafaa msomaji aliweke jambo hili akilini, kwa maana sehemu kubwa ya yaliyosemwa baadaye juu ya kifo cha kijana huyu yalitokana na mifupa iliyokwisha kupita katika mikono hiyo.

Derry alikadiria kuwa marehemu alikuwa na umri wa miaka 18 hivi na kimo cha futi tano na nusu. Sababu ya kifo hakuiona.

Ni nani alikuwa Tutankhamun? Alizaliwa kwa jina la Tutankhaten, katika zama za Akhenaten, mfalme aliyewafungia milango miungu ya kale ya Misri na kuamrisha ibada ya Aten peke yake, yaani ile sahani ya jua yenye miale. Akhenaten aliuhama mji wa Thebes akajenga makao mapya jangwani, mahali panapoitwa leo Amarna. Alipofariki, mambo yalivurugika. Na mnamo 1332 hivi kabla ya kuzaliwa Nabii Isa, ufalme ukamwangukia mtoto wa miaka minane au tisa. Aliozwa Ankhesenpaaten, binti wa Akhenaten na Nefertiti. Muda si mrefu watoto hawa wawili walibadilishwa majina: Aten akatoka, Amun akaingia. Makuhani walirudishiwa mahekalu yao, na jiwe likachongwa huko Karnak kueleza namna mfalme mpya alivyoikuta nchi imeachwa na miungu. Mtoto wa umri ule hawezi kuwa ndiye aliyeyapanga hayo. Nyuma ya kiti chake walikuwapo watu wazima, na wawili kati yao wanajulikana sana: Ay, mzee wa baraza aliyekuwa na cheo cha Baba wa Mungu, na Horemheb, amiri wa majeshi.

Miaka tisa baadaye mfalme alikufa. Hakuacha mtoto. Ay akatawala miaka minne hivi, kisha Horemheb akachukua ufalme, akalifuta jina la Tutankhamun katika lile jiwe la Karnak na kuliandika lake. Ndiyo maana orodha za wafalme zilizoandikwa baadaye zinamruka kijana huyu kana kwamba hakupata kuzaliwa.

Hapo ndipo tuhuma zilipoanzia. Ukutani mwa chumba cha maiti Ay amechorwa amevaa taji la bluu na ngozi ya chui, ameshika chombo cha kumfunulia marehemu kinywa ili aweze kula na kusema huko akhera. Kazi hiyo ilikuwa ya mrithi. Mzee asiye wa damu ya kifalme anaonekana, basi, amekwisha kuvaa taji kabla mlango wa kaburi haujafungwa. Tena kaburi lenyewe ni dogo mno kwa mfalme: vyumba vinne tu, na rangi ilifungiwa ndani kabla haijakauka, hata kuta zikaota madoa ya ukungu yanayoonekana hadi leo. Sanduku la jiwe ni la aina moja na kifuniko chake ni cha aina nyingine, nacho kilipasuka katikati kikazibwa kwa plasta na kupakwa rangi ili kasoro isionekane. Baadhi ya vitu vilitengenezwa kwa ajili ya mtu mwingine na jina likabadilishwa. Yote haya yanashuhudia haraka. Lakini haraka si hatia. Desturi iliwapa wazikaji siku 70, na hakuna aliyemchimbia kijana wa miaka 18 kaburi lake la milele mapema.

Tuhuma ilipata mfupa wa kuitegemea mwaka 1968. Profesa R. G. Harrison wa Chuo Kikuu cha Liverpool aliingia kaburini na mashine ya eksirei, naye akaona vipande vya mfupa ndani ya fuvu, pamoja na kivuli kilichomtia shaka upande wa kisogo. Alisema kwamba huenda kikawa ni dalili ya damu iliyovuja kwa pigo. Alisema huenda, waliomfuata wakasema bila shaka. Kwa miaka zaidi ya thelathini msomaji wa kawaida aliaminishwa kwamba Tutankhamun alipigwa rungu usingizini, na mwaka 1998 Mmarekani Bob Brier aliandika kitabu kizima kumshitaki Ay. Kisa kilivutia, kwani kilikuwa na kila kitu: yatima, waziri mwenye tamaa, mjane kijana na hazina. Ay hakuwa na wa kumtetea.

Utetezi ulikuja Januari 2005. Timu ya Wamisri iliyoongozwa na Zahi Hawass ilimtoa mfalme kaburini, ikampitisha katika mashine ya CT iliyoegeshwa nje, na kupata picha kiasi cha 1,700. Hoja yao juu ya fuvu ni nyepesi kufahamika na ni vigumu kuipinga. Waliomhifadhi maiti walimimina utomvu wa moto ndani ya fuvu, nao ukaganda. Lau vile vipande vya mfupa vingevunjika kwa pigo lililomuua, vingenaswa ndani ya utomvu huo. Havikunaswa; vilikuwa huru, na vinaonekana vilitoka kwenye pingili ya juu ya shingo. Maana yake vilivunjika baada ya utomvu kuganda, na wanaoelekezewa kidole kwanza ni wale waliotia visu mwaka 1925.

Kwingineko walikuta jambo jingine. Mfupa wa paja la kushoto, karibu na goti, ulikuwa umevunjika, na utomvu umepenya katika ufa wenyewe. Hapakuwa na dalili ya kupona. Basi huenda kijana alivunjika mguu siku chache kabla ya kufa, jeraha likaoza, na sumu yake ikamuenea mwilini. Wengine katika timu hiyohiyo hawakukubali. Waliona kwamba hata ufa huo waweza kuwa kazi ya Carter na wenziwe. Mfupa wa kidari na sehemu za mbavu hazipo kabisa, na juu ya hilo pia zimetungwa nadharia, kutoka kuanguka garini hadi kuumwa na kiboko.

Mwaka 2010 vikaja vinasaba. Matokeo yalionesha kwamba wazazi wa Tutankhamun walikuwa ndugu wa tumbo na ubavu mmoja. Wayo wake wa kushoto ulipinda na baadhi ya mifupa yake ilikuwa inakufa. Hapo ndipo zilipopata maana zile fimbo 130 hivi zilizokutwa kaburini, nyingine zikiwa zimelika kwa kutumika. Katika mwili wake kulikutwa alama za vimelea vya malaria, aina ile iuayo. Magazeti ya dunia yakaandika kuwa fumbo limefumbuliwa.

Mtu wa mwambao wa Afrika ya Mashariki hahitaji kuwa daktari ili asite hapo. Anajua kwamba aliyekulia penye mbu huugua malaria mara nyingi utotoni, na akiokoka mwili hujizoesha. Kukuta vimelea katika damu ya mtu mzima si kukuta kilichomuua. Wataalamu wa Hamburg walisema karibu hayo hayo mwaka uleule, wakauliza kama ile mifupa iliyokufa haikuwa dalili ya ugonjwa wa selimundu. Kwamba selimundu na malaria vinahusiana ni jambo alilolionesha Anthony Allison mwaka 1954, kwa uchunguzi uliofanywa Kenya na Uganda. Lakini kwa Tutankhamun pendekezo hilo limebaki pendekezo. Wapo pia wasioamini kwamba vinasaba vya miaka elfu tatu, katika maiti iliyoshikwa na mikono mingi, vyaweza kusomwa kwa uhakika.

Kati ya yote yaliyoandikwa juu ya kifo hiki, lenye uzito kuliko mengine halikutoka Misri wala katika mifupa. Lilitoka kwa maadui. Huko Hattusa, mji mkuu wa Wahiti katika Uturuki ya leo, vilichimbuliwa vibao vya udongo ambamo mfalme Mursili wa Pili anaeleza matendo ya baba yake, Suppiluliuma. Anasimulia kwamba baba yake alipokuwa ameuzingira mji wa Karkemish, alifika mjumbe kutoka kwa malkia wa Misri. Mumewe, anayetajwa kwa jina la Nibhururiya, amekufa. Yeye hana mtoto wa kiume. Akaomba apelekewe mmoja wa wana wa Suppiluliuma awe mume wake na mfalme wa Misri, kwa kuwa hatakubali kumfanya mtumwa wake kuwa mume. Na akasema anaogopa.

Suppiluliuma hakuamini. Alipeleka mtu wake akapeleleze, na majira ya machipuko yaliyofuata mtu huyo alirudi na barua ya pili, yenye uchungu: ingekuwa nina mwana, auliza malkia, je, ningeitangaza aibu yangu na ya nchi yangu kwa wageni? Ndipo akapelekwa mwanamfalme Zannanza. Hakufika. Wahiti walisema ameuawa, wakaingia vitani. Na mateka waliowaleta kutoka vita hivyo walikuja na tauni iliyowaua Wahiti kwa miaka mingi.

Wengi wanalisoma Nibhururiya kuwa ni Nebkheperure, jina la kifalme la Tutankhamun, na mjane kuwa ni Ankhesenamun. Wengine wanamtaja Akhenaten, nao wana hoja. Maua yaliyokutwa juu ya majeneza ya Tutankhamun yanaonesha alizikwa mwezi wa Machi au Aprili, na ukutani Ay amekwisha kuwa mfalme. Ikiwa hivyo ndivyo, malkia aliwezaje kuwa bado anatafuta mfalme mwaka uliofuata? Labda alimtafuta kwa siri, na mtumwa asiyemtaka alikuwa amekwisha kukaa kitini. Kama ni hivyo, kosa la Ay si lile aliloshitakiwa. Kijana mgonjwa hakuhitaji kuuawa. Zannanza, aliyekuwa mzima na anakuja kuchukua taji, alihitaji.

Mwaka 1931 Percy Newberry aliona katika duka la vitu vya kale mjini Cairo pete yenye majina mawili kando kwa kando: Ay na Ankhesenamun. Baadhi ya wanahistoria husoma humo kwamba aliolewa na mzee huyo. Katika kaburi la Ay, hata hivyo, mke aliyechorwa ni Tey, na Ankhesenamun hayumo.

Vitu vya kaburi la Tutankhamun, zaidi ya 5,000, vimekusanywa katika Jumba Kuu la Makumbusho la Misri lililofunguliwa rasmi Novemba 2025 karibu na mapiramidi. Mwenyewe amebaki bondeni. Alizikwa pamoja na watoto wawili wa kike, waliozaliwa kabla ya wakati au wakiwa wamekufa, kila mmoja katika kijeneza chake kisicho na jina. Uchunguzi wa 2010 uliona kwamba yaelekea ni binti zake, ukamtafuta na mama yao. Ulichokipata ni kiasi kidogo cha vinasaba, kisichotosha kuthibitisha, katika maiti ya mwanamke kutoka kaburi jingine la bonde hilo. Inajulikana kwa namba, KV21A, na haina kichwa.