Batebe wa Toro na filamu zake mbili

Agosti 2024 filamu ya Sheena ilitimiza miaka 40 tangu ianze kuonyeshwa Marekani. Wakosoaji waliicheka wakati ule, na iliteuliwa mara 5 kuwania tuzo za Razzie, zile wanazopewa waliovurunda kazi. Lakini watu wa chini ya milima ya Rwenzori, Uganda, wana sababu ya kuikumbuka. Yule mganga anayemlea Sheena porini ni Elizabeth Bagaya, binti wa Rukidi III, Omukama (mfalme) wa Toro.

Alipozaliwa mwaka 1936, Kasese na Bwera, nchi ya Wakonzo, zilihesabiwa kuwa Toro, chini ya baba yake. Mwaka 1962, akiwa anamalizia masomo ya sheria Cambridge, wajumbe wa Wakonzo na Waamba walitoka nje ya Rukurato, baraza la Toro, na Isaya Mukirane akatangaza Rwenzururu kuwa nchi yao wenyewe. Si ajabu basi kwamba Bwera haimdai binti huyu kama Fort Portal, mji mkuu wa Toro, inavyomdai.

Mwaka 1965 akawa mwanamke wa kwanza wa Afrika Mashariki kukubaliwa kuwa wakili Uingereza. Miaka miwili baadaye Rais Obote akafuta falme, na mwaka huohuo Princess Margaret akamwalika kwenye onyesho la mavazi London. Vogue na Harper's Bazaar zikafuata, kisha kamera za sinema.

Filamu yake ya kwanza, Bullfrog in the Sun, ilitengenezwa Nigeria mwanzoni mwa miaka ya 1970 kutokana na riwaya mbili za Chinua Achebe. Yeye alikuwa Clara, mpenzi wa Obi, aliyeigizwa na Johnny Sekka. Clara ni osu, mtu wa ukoo uliotengwa ambao waungwana hawaoani nao. Kwa mtoto aliyekulia ikulu, kuukubali uhusika huo ni ujasiri ambao wasifu wake mwingi huupita bila kuutazama.

Aliyeimaliza fahari hiyo ya mavazi na kamera ni Rais Idi Amin. Alimfanya balozi asiye na kituo mwaka 1971, na Februari 1974 akampa Wizara ya Mambo ya Nje. Kiti hicho kilikuwa bado cha moto. Michael Ondoga alikuwa ameondolewa hapo muda huohuo, na baada ya wiki chache maiti yake ikaonekana katika Mto Nile. Bagaya alikwenda Umoja wa Mataifa, akaitetea serikali, akarudi. Novemba akafukuzwa kwa tuhuma chafu, kwamba alikutana kimwili na Mzungu asiyemjua katika choo cha uwanja wa ndege wa Orly, Paris. Mwenyewe anasema kosa lake lilikuwa kumkataa Amin alipotaka kumwoa. Mimi namwamini, mzushi mwenye ushahidi asingehitaji choo. Mwaka 1975 alitorokea Kenya, na magazeti ya Uingereza yaliyoirudia kashfa ile aliyashtaki na kuyashinda. Mwaka uleule wa kumfukuza, 1974, Amin aliikata Toro vipande, na Kasese ikawa wilaya peke yake.

Ukiijua kashfa ile, Sheena haichekeshi tena. Mganga anakwenda kumwonya mfalme, anasingiziwa kumuua, anatupwa gerezani, naye mwuaji halisi ni mdogo wa mfalme, Otwani, aliyeigizwa na Trevor Thomas. Filamu ilipigwa Kenya, nchi ileile aliyokimbilia Bagaya. Huenda mwongozaji John Guillermin alitaka sura nzuri tu. Alipata mtu ambaye Amin alikuwa amemsingizia vivyo hivyo.

Kuanzia 1986 alikuwa balozi Washington, baadaye Ujerumani na Nigeria. Falme zilirudi mwaka 1993. Miaka miwili baadaye mdogo wake wa kiume, Mfalme Olimi III, akafariki, na Bagaya, aliyekuwa Batebe wake (dada rasmi wa mfalme), akawa miongoni mwa walezi wa Oyo, mfalme wa miaka 3. Ufalme wa Rwenzururu nao ulitambuliwa na serikali mwaka 2009.

Falme hizi mbili zimegombania ardhi na heshima mpaka damu ikamwagika. Filamu mbili za Bagaya hazina mgombea. VJ (mfasiri wa filamu) yeyote wa kibanda cha video Bwera akiamua kuitafsiri Sheena kwa Lukonzo, mganga wa Toro atazungumza lugha ya waliotoka Rukurato, na kiingilio kitalipwa.