Karata Tatu za Uhakika

Mwaka 1910, huko Urusi, Pyotr Chardynin aliongoza filamu fupi isiyo na sauti, ya yapata robo saa tu, iitwayo Malkia wa Shupaza. Kisa chake kilitoka kwa Alexander Pushkin, aliyekichapisha mwaka 1834, kikapitia katika opera ya Tchaikovsky ya mwaka 1890.

Ofisa kijana, Hermann, asikia kwamba kikongwe mmoja wa ukoo wa kikabaila anajua karata tatu zisizoshindwa. Amwendea usiku na bastola. Kikongwe afa kwa hofu bila kusema neno. Baadaye mzuka wake wamtokea na kumtajia: tatu, saba, ree.

Tumezoea kusema kisa hiki chaonya juu ya kamari. Lakini Hermann wa Pushkin hakuwa mcheza kamari. Alikesha akitazama wenzake wakicheza hadi alfajiri, yeye asiguse karata, maana hakutaka kuhatarisha akiba yake. Alitaka kuijua kesho ili asilazimike kumtumaini yeyote. Pushkin amemfanya mwana wa Mjerumani, na sisi Walutheri tusiwe wepesi kumcheka: Melanchthon, msomi mkubwa wa Matengenezo, aliamini unajimu, ingawa Luther aliudhihaki.

Tena mzuka haukudanganya. Kwa Pushkin, usiku wa kwanza tatu ilishinda, wa pili saba. Usiku wa tatu ree nayo ilishinda, ila mkononi mwa Hermann alikuwa malkia wa shupaza.

Vijana wetu huuziwa "mechi za uhakika" kwenye simu kabla ya kuweka mkeka, nasi wachungaji huwaambia kwamba utabiri ule ni uongo. Mara nyingi ni uongo kweli. Lakini siku muuzaji atakapopatia, tutakuwa na neno gani la kuwaambia? Waisraeli jangwani walipewa mana ya siku moja, na waliobakiza hadi asubuhi waliikuta imeingia mabuu. Ujuzi wa kesho haukuwapungukia, kwa kuwa Bwana alikwisha kuwaahidi chakula cha kila siku. Walikuwa na ahadi, wakaona haitoshi.

Katika filamu yumo pia Liza, binti aliyempenda Hermann. Chardynin, akiifuata opera, amemweka kando ya mfereji usiku, akingoja. Hermann afika, lakini moyo wake uko kwenye karata. Amwacha pale na kukimbilia mezani. Liza ajitupa majini.