Rosa Mistika na Ua wa Unyago

Euphrase Kezilahabi alipotoa riwaya ya Rosa Mistika mwaka 1971, mambo ya mwili hayakuwa mageni katika Kiswahili. Unyago wa mwambao ulikwisha kuyafunza kwa muda mrefu, tena pasipo kuuma maneno. Lakini yalisemwa ndani ya ua, baina ya somo na mwari. Riwaya iliyatoa nje, mbele ya kila ajuaye kusoma. Ikapigwa marufuku madarasani, na hali Rosa hanufaiki na uasherati wake hata chembe: hujiua. Yaelekea kilichochoma zaidi ni picha ya wakubwa: Zakaria, baba mlevi ampigaye bintiye kwa barua ya mvulana, na walimu wanaowaharibu wanafunzi wao. Baadaye kitabu hichohicho kiliteuliwa kusomwa katika shule za sekondari, Tanzania na Kenya.