Sugu

Soko la vitunguu la Misuna, Singida Mjini. Mama mmoja anamwambia mwenzake: “Mama Asha, huyu mtoto umchape usimchape, ameshakuwa sugu.”

Ndilo neno la malaria sugu, na ndilo wafasiri walilolichukua kwa msongo usiokwisha: msongo sugu. Kwanza lilikuwa la ngozi iliyokomaa kwa kusuguliwa, kama kiganja cha mkulima wa alizeti au paji la mwenye kusujudu.

Wengi husema “msongo wa mawazo”. Hapa silipendi. Mtoto wa miaka sita anayesikia hatua za baba mlangoni hasongwi na mawazo. Moyo unamwenda mbio, na tezi zilizo juu ya figo zinamwaga homoni iitwayo kotisoli. Kazi yake mojawapo ni kuzituliza chembe za kinga zisizidishe uvimbe. Ikimwagwa leo, kesho na mtondo, chembe huizoea, hazisikii tena amri. Nazo zimekuwa sugu. Sijui lugha nyingine ambamo mtoto, msongo na chembe vingepewa neno moja.

Shuleni, kanuni za mwaka 2002 zinaruhusu viboko visivyozidi vinne, viandikwe. Nyumbani hakuna daftari. Utafiti wa kitaifa wa 2009 ulikuta karibu robo tatu ya vijana wa Tanzania walifanyiwa ukatili wa kimwili kabla ya miaka 18. Mwaka huohuo, Marekani, watafiti waliwachunguza watu wazima zaidi ya 15,000: waliopitia machungu ya utotoni ya aina mbili au zaidi, kipigo kikiwamo katika orodha, walikuwa na hatari maradufu ya kulazwa kwa maradhi ya jamii ya baridi yabisi ambayo kinga ndiyo huyaleta. Ni uhusiano, si hukumu. Wengi waliochapwa hawaugui.

Maradhi hayo tuyaiteje? Mwambie mgonjwa ana “ugonjwa wa kinga”, naye ameshasikia UKIMWI, Upungufu wa Kinga Mwilini, kabla hujamaliza sentensi. Na hapa hakuna upungufu: askari wa mwili wapo tele, ila wanawapiga wenyeji. Wengine huandika “kinga kujishambulia”. Mimi nachagua “mwili kujishambulia”, maana kinga haijipigi yenyewe. Inapiga viungo vya vidole, figo, ngozi, vyote vya nyumba ileile.