Mabao 8 kwa 0: hesabu iliyoizuia Geita kupanda

Ukikaa kijiweni Masumbwe ukagusia msimu wa 2015/16, utatajiwa watu: nani alikula hela, nani alifumba macho. Leo hebu tuwaache watu kidogo, tuangalie kanuni.

Msimu ule Ligi Daraja la Kwanza ilikuwa na timu 24. Zikicheza zote kwa zote, nyumbani na ugenini, ni 24 × 23, yaani mechi 552. Nauli atalipa nani? Basi TFF iligawa makundi matatu ya timu nane nane. Kila kundi mechi 56, jumla 168, na anayeongoza kundi anapanda Ligi Kuu. Hapo hakuna ubaya, ni akili ya mfukoni.

Shida ilikuwa kwenye swali dogo: timu mbili zikilingana pointi, inakuwaje? Jibu lilikuwa tofauti ya mabao. Na Kundi C, hadi raundi ya mwisho Februari 2016, Geita Gold na Polisi Tabora walikuwa wanafukuzana kileleni. Wapinzani wao wa siku hiyo hawakuwa tena na ubavu wa kuongoza kundi. Geita ikaifunga JKT Kanembwa 8-0. Polisi Tabora ikaifunga JKT Oljoro 7-0.

Saba na nane, siku za mwisho! Aprili kamati ya nidhamu ya TFF ikasema matokeo yalipangwa, ikazishusha daraja timu zote nne. Nafasi ya kupanda ikaenda kwa Mbao ya Mwanza, ambayo mwaka uliofuata ilicheza fainali ya Kombe la FA na Simba, ikafungwa 2-1.

Utasema: si wangecheza muda mmoja tu? Dawa hiyo ilipatikana baada ya Kombe la Dunia la 1982. Ujerumani Magharibi iliifunga Austria 1-0, matokeo yaliyozivusha zote mbili, kisha mpira ukapigwa pasi za kuua muda. Algeria, iliyokuwa imemaliza mechi zake jana yake, ikatolewa. Tangu 1986 mechi za mwisho za kundi zinaanza pamoja. Lakini dawa ile inatibu timu inayojua matokeo ya mwenzake. Ugonjwa wa Kundi C ni mwingine kabisa: usipojua mwenzako kafunga mangapi, unafunga yote unayoweza.

Ukitenganisha timu kwa mechi walizokutana wenyewe, bao la nane dhidi ya timu ya tatu halina bei tena. Wakiwa wamelingana hata huko, wapeleke uwanja wa kati wacheze mchujo. Ni mechi ya 169, basi. Najua wapo wanaoona dakika 90 haziwezi kufuta kazi ya mechi 14, na wana hoja, ila angalau kwenye mchujo kila aliye uwanjani ana cha kupoteza.

Geita Gold ilipanda hatimaye mwaka 2021. Msimu wake wa kwanza Ligi Kuu ilishika nafasi ya nne, na George Mpole akawa mfungaji bora kwa mabao 17. Daraja la chini lenyewe, siku hizi Championship, lina timu 16 kwenye msimamo mmoja, na sehemu ya nafasi za kupanda inaamuliwa kwa mchujo.